Picha za Songea zinalala wapi?

Tarehe 1 Novemba 2023, Rais wa Ujerumani, Frank-Walter Steinmeier, alikuja Songea kuomba radhi. Sikuwa na kadi ya mwaliko, lakini mtu aliyepiga video za harusi za mji huu kwa zaidi ya miaka ishirini hakosi anayemjua mlangoni. Nikapata pa kusimama, nyuma kabisa ya vijana wa vyombo vya habari, pale Makumbusho ya Majimaji, Mahenge. Mgeni alikutana na ukoo wa Nduna Songea Mbano, shujaa wa vita ya Majimaji, akasema anaona aibu kwa waliyoyatenda askari wa Kijerumani katika nchi hii, akaomba msamaha. Wenzangu walikuwa wanamtazama Rais. Mimi nilikuwa natazama kamera. Ni ugonjwa wa kazi. Fundi cherehani hata msibani hukagua mishono ya watu.

Nilianza kuzihesabu, nikaacha. Zilikuwepo za wageni waliokuja naye, za Dar es Salaam, za vijana wetu wa redio ambao siku hizi nao wanapiga video, na simu zisizo na idadi zilizoinuliwa juu ya vichwa kama mikono ya watu wanaovuka mto na mizigo.

Wiki iliyofuata akaja mwalimu wa sekondari kibandani kwangu, Mfaranyaki, na flashi mfukoni. Anataka video ya siku ile awaonyeshe wanafunzi wake wa historia. Kipande cha sekunde arobaini chenye nembo ya mtu pembeni na muziki umemwagwa juu yake alikuwa nacho tayari kwenye simu. Alitaka siku yenyewe, tangu watu wanakaa hadi wanainuka, na sauti za wazee zikisikika. Nikamwambia akae, nikaanza kupiga simu kwa vijana ninaowajua. Wa kwanza alikwisha kufuta, kadi ilijaa na Jumamosi alikuwa na sendofu. Wa pili simu yake ilichomolewa stendi. Wa tatu alituma zote Dar es Salaam, kwake hakubakiza kitu. Mwalimu alikunywa soda yake, akaondoka na flashi tupu.

Mji huu unapigwa picha kila siku inayopambazuka. Swali langu ni picha hizo zinalala wapi. Na kwa kuwa mimi mwenyewe si msafi katika jambo hili, kama nitakavyoeleza, nitaanza na mtu aliyeifanya kazi hii vizuri kuliko sisi sote.

Ukimtaja Mohamed Amin hapa Songea, watu watakuuliza kama alikuwa ndugu yake Idi Amin. Hakuwa ndugu yake, ingawa alimpiga picha mara nyingi. Alizaliwa Nairobi mwaka 1943, mtoto wa mfanyakazi wa reli kutoka familia yenye asili ya Punjab, akakulia Dar es Salaam. Kamera yake ya kwanza ilikuwa Box Brownie ya mtumba, kile kisanduku cheusi ambacho babu zetu walikiona kwa wazungu na kwa maduka ya Wahindi. Akiwa bado mwanafunzi alikwisha kuwa mtu wa kukimbia barabarani kupiga magari ya mbio za Safari. Mwaka 1963, na miaka yake ishirini, akafungua kampuni akaiita Camerapix. Hapo naomba msomaji asipite haraka. Kampuni ambayo picha zake zilikuja kuingia kwenye televisheni za London na New York haikuanzia Nairobi. Ilianzia Dar es Salaam, kwetu.

Mapinduzi ya Zanzibar yalipotokea Januari 1964 alivuka kwenda kuyapiga, na dunia ikaziona picha zake. Miaka miwili baadaye alikamatwa huko huko Visiwani, akalala gerezani karibu mwezi mzima, akateswa, kisha akatimuliwa nchini. Akaenda Nairobi, Nairobi ikampokea, na tangu hapo anaandikwa kwenye vitabu kama Mkenya, nao wana haki. Mtoto ukimfukuza nyumbani akafanikiwa kwa jirani, mahari hudai jirani.

Julai 5, 1969, mwanasiasa wa Kenya Tom Mboya alipopigwa risasi mbele ya duka la dawa katikati ya Nairobi, Amin alifika mapema kiasi cha kuingia naye kwenye gari la wagonjwa, akapiga dakika za mwisho za maisha ya mtu yule. Waingereza walimpa tuzo ya mpiga picha bora wa habari za televisheni. Mimi tuzo ile sina hamu nayo. Nilipoitazama picha hiyo nilichokiona ni mkono usiotikisika. Nimepiga mazishi mengi, ya watu nisiowajua na ya watu ninaowajua, na nakwambia mkono hutikisika. Wa kwangu ulitikisika hadi picha ikawa kama ya mtu aliye juu ya punda.

Halafu ikaja njaa ya Ethiopia. Oktoba 1984 alikwenda kaskazini, Korem, pamoja na mtangazaji wa BBC Michael Buerk. Habari yao ilitoka hewani tarehe 23 Oktoba. Alfajiri, ukungu, maelfu ya watu wamelala chini, na waliokufa usiku wamefungwa kwenye mablanketi yao na kupangwa mstari. Vituo zaidi ya 400 duniani vilirusha picha zile. Huko Uingereza mwanamuziki Bob Geldof aliziona akiwa kwake, ukaja ule wimbo wa Krismasi, na Julai 13, 1985 ikaja tamasha la Live Aid, London na Philadelphia kwa siku moja. Mamilioni ya pesa yalichangwa. Wiki chache tu baada ya picha zile kutoka, Mwalimu Nyerere alikuwa Addis Ababa kwenye mkutano uliomchagua kuwa mwenyekiti wa Umoja wa Nchi Huru za Afrika, na sidhani kama kuna aliyekaa kwenye ukumbi ule bila kujua kilichokuwa Korem.

Sisi Songea hatukuona chochote. Bara hatukuwa na televisheni hadi 1994. Zanzibar wenzetu walikuwa nayo tangu miaka ya sabini. Nilikuwa mtoto wa shule ya msingi. Mjomba alikuwa na redio ya National yenye betri sita, akaiweka juu ya kabati, na Radio Tanzania ikasema Ethiopia kuna njaa. Mama akasema, "Masikini," akaendelea kuchekecha unga. Ndivyo njaa ile ilivyotufikia: neno moja, halafu taarabu. Mkanda wenyewe nimekuja kuuona nikiwa mtu mzima mwenye kamera yangu, miaka zaidi ya ishirini baadaye, kwenye kompyuta ya rafiki, na nikanyamaza njia nzima kurudi nyumbani.

Juni 1991, ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Amin alikuwa karibu, anapiga. John Mathai, mtu wake wa sauti, alikufa. Yeye alipoteza mkono wa kushoto. Kwa mpiga picha wa kamera za wakati ule, zilizokaa begani na uzito wa debe la mahindi, huo ndio mwisho wa kazi, mtu anatafuta shamba. Yeye akaenda akafungiwa mkono wa bandia, akatafuta namna ya kuufanya ushike kamera, akarudi kazini.

Alikufa Novemba 23, 1996. Ndege ya Ethiopia iliyokuwa inatoka Addis Ababa kwenda Nairobi ilitekwa na vijana watatu waliotaka ipelekwe Australia. Rubani akawaambia mafuta hayafiki, hawakuamini. Mafuta yakaisha, ndege ikaanguka baharini karibu na ufuko wa Ngazidja, Komoro. Watu 125 walikufa, wakiwemo Amin na mwandishi aliyefanya naye kazi miaka mingi, Brian Tetley. Walionusurika walisimulia kwamba Amin alikuwa amesimama, anabishana na watekaji, hadi mwisho.

Lakini jambo linalonikosesha usingizi katika kifo hicho ni jingine. Ndege ile ikigusa maji ilipigwa video. Umeiona, hata kama hujui kwamba ni yenyewe: bawa linachana maji, ndege inapasuka. Walioipiga ni watalii, maharusi waliokuwa fungate ufukweni, na kamera yao ndogo ya nyumbani. Mtu aliyezunguka Afrika nzima kupiga vifo vya wengine, chake kikapigwa na kamera ya harusi. Kamera kama ya kwangu.

Mwanawe, Salim Amin, alitengeneza filamu juu ya baba yake mwaka 2006, inaitwa Mo & Me. Ni filamu nzuri na si ya kumsifu tu. Inamwonyesha baba asiyekuwepo nyumbani, na mke na mtoto wanaosubiri. Nilipoitazama nilijiuliza swali la kifundi: amepata wapi haya yote? Zanzibar ya 1964, Mboya, Idi Amin, Makka, Korem. Jibu ni kwamba mzee alitunza. Kila alichokipiga kilirudi Nairobi, kikapangwa, kikaandikwa. Alikuwa mtu wa haraka, mkali, mwenye kukimbilia ndege, lakini mikanda na filamu zake zilikuwa na mahali pa kulala. Angekuwa kama sisi, Mo angekuwa hadithi ya kijiweni: alikuwepo bwana mmoja, Mhindi, alipiga picha hatari, sijui ziko wapi.

Nisije nikaonekana nimefumba macho. Picha za Korem zina dosari, na waliosema hivyo hawakukosea. Tangu siku ile Mzungu ukimtajia Afrika anaona mtoto mwenye mbavu na nzi, na sisi tumeibeba sura hiyo kama alama ya chanjo. Na wale watu waliolala kwenye ukungu hatujui walikuwa akina nani. Buerk tunamjua kwa jina, Geldof tunamjua, Amin mwenyewe ilibidi atafutwe, na waliopigwa picha hawana jina hata moja. Kasoro hiyo nami ninayo, tena kwa wingi.

Katika hili la kutunza, kuna vijana wawili wa Hungaria ambao habari yao hunifurahisha kila nikiikumbuka. Vilmos Zsigmond na László Kovács walisomea filamu Budapest, na walikuwepo mwaka 1956, vifaru vya Urusi vilipoingia kuzima uasi wa wananchi. Wakachukua kamera ya chuo, wakapiga barabarani kwa kificho. Vita ilipokwisha hawakukaa na filamu zao uvunguni. Walizitia kwenye magunia, wakavuka nazo mpaka kuingia Austria. Baadaye walikwenda Marekani wakawa mabingwa wa Hollywood. Zsigmond alipata hata Oscar. Wapo wanaowakumbuka kwa sinema hizo. Mimi nawakumbuka kwa magunia. Waliona kwamba kupiga ni nusu ya safari.

Turudi nyumbani. Mkoa huu wa Ruvuma ulitoa mcheza sinema maarufu wa kwanza wa Tanganyika, na wengi hawajui. Rashidi Mfaume Kawawa, Simba wa Vita, kabla hajawa Waziri Mkuu mwaka 1962, alikuwa nyota wa filamu. Mwanzoni mwa miaka ya hamsini aliigiza katika Muhogo Mchungu na nyinginezo za Kiswahili zilizoonyeshwa kwa gari la sinema, shuka jeupe limefungwa kwenye miti na watoto wamekaa upande wa nyuma wanaona maandishi kinyumenyume. Nenda leo Songea nzima, ulizia nakala ya Muhogo Mchungu. Waulize na wazee waliomwona Mzee Kawawa kwenye shuka, ni nani alikuwa ameshika kamera? Watakutazama kama umewauliza aliyeshona shuka.

Picha nyingi za zamani za nchi ya Wangoni zilipigwa na wamisionari wa Kibenedikto, waliofika Peramiho mwaka 1898. Wanazo hadi leo. Mtu anaweza kusema walipiga walichotaka kukiona, na ni kweli. Lakini mwenye kabati ndiye mwenye historia, na sisi hatuna kabati.

Sasa la kwangu.

Mwaka 2006 ilitimia miaka mia moja tangu mashujaa wetu wanyongwe na Wajerumani, Februari 27, 1906. Mji ulikuwa na hamasa, na mimi nikasema na mimi nifanye jambo. Kulikuwa na babu mmoja, njia ya kwenda Mbinga, karibu miaka tisini, ambaye baba yake alikuwa kijana mdogo wakati wa vita ya Majimaji. Jina lake silitaji hapa hadi wanawe waniruhusu. Nikaenda na kamera yangu ya mikanda midogo, ile mikanda mipana kidogo kuliko kiberiti, ya dakika sitini. Nikamkuta kavaa koti jeusi, kakaa kwenye kigoda chini ya mwembe. Kuku mmoja alikuwa hatulii, anapiga kelele kila babu akifungua kinywa, ikabidi mjukuu wake akae naye mapajani muda wote kama kampakata mtoto.

Babu alizungumza karibu saa nzima. Hakusema sana juu ya vita. Alisema juu ya kilichofuata: Wajerumani walivyochoma mashamba na maghala, watu walivyokula mizizi, mama yake mkubwa alivyoacha watu wawili njiani na hakutaka kuulizwa tena. Akanitajia jina waliloiita njaa ile. Neno la Kingoni, fupi. Akaeleza kwa nini iliitwa hivyo na akacheka kidogo, kicheko kile cha wazee ambacho hakina furaha. Mimi nilikuwa nimeweka jicho kwenye kioo nahangaika na mwanga. Nikajisemea, limo kwenye mkanda, halina haja ya kukariri.

Kwenye mkanda niliandika kwa kalamu nyekundu: MZEE. Hilo tu. Nikautia kwenye sanduku la viatu.

Septemba msimu wa harusi ulikolea. Wanaoijua Songea wanajua, mahindi yakishauzwa kila Jumamosi ni harusi, kamati hazilali. Mikanda ilikuwa inatoka Dar es Salaam kwa basi, kilomita zaidi ya mia tisa, na wiki ile mzigo haukufika. Bwana harusi amekwisha lipa nusu. Nikafungua sanduku la viatu usiku, taa ya chemli maana umeme ulikuwa umekatika, nikatafuta mkanda wowote uliotumika. Nikachukua. Sikumbuki kama nilisoma. Pengine nilisoma, nikasema mzee yupi, nina wazee wengi. Kesho yake nikapiga juu yake maharusi wanaingia ukumbini, keki, shangazi wanatunza, emsii anachekesha.

Babu alikufa mwaka uliofuata. Nilipokwenda msibani, mjukuu wa kuku akaniuliza, "Kaka, ule mkanda wa babu upo?" Nikamwambia upo. Niliamini upo. Nilirudi nikapindua nyumba.

Lile jina la njaa nimewauliza wazee wengine. Mmoja alitaja neno, mwingine neno jingine. Nikisikia lenyewe nadhani nitalijua. Bado.

Kwa hiyo ninaposema vijana wanafuta, sisemi kama padri aliye kwenye kiti cha maungamo. Mimi niko upande ule mwingine wa dirisha. Ninachokitaka ni kitu kidogo, na sitaki mtu anijibu kwa kunitajia bajeti ya taifa. Makumbusho ya Majimaji yapo, yako chini ya Makumbusho ya Taifa, yana jengo na yana mlinzi. Yawekewe diski mbili kubwa za kuhifadhi picha. Diski mbili hazifiki bei ya ng'ombe mmoja, na tumeona ng'ombe wangapi wakichinjwa kwenye sherehe zilizopigwa video ambazo leo hazipo. Moja ikae pale, nyingine ikae jengo jingine, maana moto na mwizi hawachagui. Kila anayepewa kitambulisho cha kupiga picha kwenye tukio la umma la mkoa huu, kuanzia maadhimisho ya Februari 27 hadi mwenge, alete nakala kabla ya siku saba. Asiyeleta, mwakani asipewe kitambulisho. Hatutamfunga mtu.

Nakala iandikwe nani kapiga, wapi, siku gani, na waliomo ni akina nani. Hapo kwenye waliomo ndipo penye kazi. Amin hakuwaandika watu wa Korem. Mimi niliandika MZEE. Kijana wa leo anaandika VID na tarakimu nane.

Najua watakaosema kazi hizi ni mali ya mpiga picha, anakula kwazo, kwa nini atoe bure. Ni hoja ya kweli, hasa kwetu ambao malipo ya pili ya harusi huja baada ya mtoto wa kwanza kuzaliwa. Jibu langu ni kwamba nakala ya kumbukumbu si ya kuuzwa wala kurushwa. Haki ibaki kwa aliyepiga, na jina lake liandikwe la kwanza. Wengi wetu hatujawahi kuandikwa jina popote. Kwenye mkanda wa harusi tunaandika simu.

Kuna watakaosema yote yako mtandaoni siku hizi. Mwalimu yule wa flashi tupu aliyatafuta mtandaoni kabla ya kuja kwangu.

Na wapo vijana wanaoniambia, mzee, sisi tunapiga harusi na kipaimara, historia iko wapi hapo? Hilo ndilo linaloniudhi zaidi. Nimetazama upya mikanda yangu ya mwanzoni mwa miaka ya 2000, ile iliyobaki. Katika harusi moja ya Lizaboni yupo nyuma ya maharusi mzee anacheza ngoma ya lizombe kwa namna ambayo sijaiona tena kwa mtu mwingine. Yupo mtu wa Bombambili anauza maandazi kwenye beseni mahali ambapo leo pana ghorofa. Sikuwa nampiga yeye. Alipita tu.

Nimalizie habari ya mkanda. Mwaka jana kijana alikuja kibandani na DVD iliyokwaruzwa kama imetumika kuparia samaki. Ni harusi ya wazazi wake, Septemba 2006, anaomba niihamishie kwenye simu kabla haijafa kabisa. Nikaitia, nikaitambua. Nikaiacha icheze, huku nachemsha maji ya chai. Keki, shangazi, emsii. Emsii akafunga shughuli, watu wakaanza kubeba viti. Picha ikaruka. Halafu ukaja mwembe.

Dakika nne na kitu. Harusi haikuujaza mkanda, na mimi usiku wa kuuhamishia kwenye DVD niliuacha ujihamishe wenyewe, nikalala. Babu amekwisha maliza kuzungumza. Ana gunzi mkononi, anapukuchua, anamrushia kuku ambaye sasa ameachiwa. Hasemi kitu. Anatazama kamera, anauliza, "Bado inawaka?" Sauti yangu, changa, inajibu, "Bado, babu." Anaweka sawa kola ya koti, anakaa vizuri, anaendelea kupukuchua hadi mkanda unaisha.

Kijana akasema, "Huyu tunamwona kila Krismasi. Mama anasema ni wa upande wa baba. Baba anasema ni wa upande wa mama."